Watu wa Msitu wa Ituri na Desturi Zao

 Leo nataka tusafiri kwa fikira hata upande wa kaskazini na mashariki wa Kongo, tuingie katika msitu mkubwa uitwao Ituri. Tutawatazama watu wakaao humo: jinsi wanavyopata chakula chao, wanavyojenga, wanavyolea watoto, na wanavyopatana wakigombana. Watu hao ni Wambuti. Wazee wetu wa pwani waliwaita Mbilikimo kwa sababu ya ufupi wao. Lakini jina hilo lapima kimo cha mtu tu, halisemi neno juu ya akili yake. Leo hatutapima kimo. Tutapima maarifa.

Nianze na kisa kinachowahusu watu wa kwetu. Mwezi wa Juni, mwaka 1887, msafara wa Stanley ulitoka Yambuya, penye mto Aruwimi, ukielekea mashariki kutafuta njia ya kufika Ziwa Albert. Wapagazi wake wengi walikuwa watu wa Unguja, wanaume wenye nguvu waliozoea safari ndefu. Hata mwezi wa Desemba ndipo walipotoka msituni na kuona tena nchi ya nyasi na anga iliyo wazi. Katika miezi ile wengi walikufa, wengine kwa mishale, wengine kwa maradhi, na wengine kwa njaa tu. Walikula uyoga, matunda wasiyoyajua, viwavi na mchwa. Vijiji vingi walivyovitumainia vilikuwa vimekwisha kuharibiwa na watekaji waliokuwa wakitafuta pembe za ndovu.

Ajabu ni hii: katika msitu ule ule walimokufa wanaume wale, walikuwamo watu wengine wakiishi na wake zao na watoto wao, wakiimba usiku, wakicheka. Mtu wa Unguja hakuwa dhaifu kuliko Mmbuti, wala hakuwa mvivu. Alikosa vitu viwili tu: hakuujua msitu, wala hakuwa na jamaa waliozoea kufanya kazi ya msitu pamoja. Vitu hivyo viwili, maarifa na ushirika, ndivyo nitakavyovieleza leo.

Desturi nitakazozitaja ni zile zilizoandikwa na watu waliokaa pamoja na Wambuti katika karne ya 20. Ziko kambi ambazo hata leo zazifuata, na ziko nyingine zilizoacha nyingi katika hizo. Sababu zake nitazieleza mwishoni.

Msitu wenyewe

Ituri ni msitu wa mvua. Miti yake ni mirefu sana, na matawi ya juu hukutana, hata jua la adhuhuri hufika chini kidogo kidogo, kama mwanga upenyao katika makuti yaliyochakaa. Mvua hunya karibu miezi yote. Majira ya ukavu ni mafupi, nayo huja kwenye Januari na Februari. Mito ni mingi, na iliyo maarufu ni Ituri wenyewe, Epulu na Nepoko. Maji yake hushuka hata Aruwimi, na kutoka huko huingia mto mkubwa wa Kongo.

Mgeni aingiapo humo huona ukuta wa majani tu. Mmbuti huona njia, huona alama ya kwato iliyopita asubuhi, huona mzabibu wa msituni unaoonyesha kuwa chini yake kuna kiazi kikuu, husikia nyuki walio juu sana mtini. Mtoto wa Wambuti hujifunza mambo haya bila ya ubao wala chaki, kwa kufuatana na wakubwa kila siku.

Mfano mmoja ni habari ya okapi, mnyama mwenye miguu ya milia, ambaye ni wa jamii moja na twiga. Wataalamu wa Ulaya walimwandika katika vitabu vyao mwaka 1901, baada ya Harry Johnston kupata vipande vya ngozi yake, kisha ngozi nzima na mafuvu. Magazeti yalimwita mnyama mpya. Lakini hakuwa mpya kwa Wambuti. Stanley mwenyewe alikuwa amekwisha kuandika kwamba Wambuti walimwambia habari za mnyama kama punda, ambaye hunaswa mashimoni. Basi, waliovumbua okapi ni Wambuti. Wengine waliletewa habari.

Wambuti si kundi moja. Waitwao Efe, wakaao kaskazini na mashariki karibu na Walese, huwinda zaidi kwa upinde na mishale, na kumwua kima juu ya mti hutumia mshale wenye sumu. Waitwao Sua, wakaao karibu na Wabila, huwinda kwa nyavu. Lugha zao zafanana sana na lugha za wakulima walio jirani zao, na wengi hufahamu pia Kingwana, yaani Kiswahili cha Kongo, ambacho kililetwa na wafanya biashara wa karne ya 19. Leo nitawasimulia zaidi mambo ya wawindaji wa nyavu.

Kambi na nyumba

Wambuti wa desturi hawakai mahali pamoja mwaka mzima. Hupiga kambi karibu na kijito, hukaa labda mwezi mmoja, na wanyama wakipungua huhama. Siku ya kuhama haiwi ya taabu nyingi, maana mali yao ni kidogo: vyungu, vikapu, visu, mikuki, nyavu. Mwanamke hubeba kikapu mgongoni kwa ukanda upitao katika paji la uso, na mkononi huchukua kaa la moto lililofungwa vizuri kwa majani, ili moto wa kambi ya jana uwashe kambi ya leo.

Kujenga ni kazi ya wanawake. Mwanamke hukata fito nyembamba, huzichomeka ardhini kwa duara, huzipinda na kuzifunga juu, hata ziwe kama kikapu kilichofudikizwa. Kisha huezeka kwa majani mapana yaitwayo mangongo, akiyapanga kama vigae, moja juu ya jingine, mvua isipate pa kuingilia. Kwa saa chache tu nyumba huwa tayari. Na kwa kuwa nyumba ni ya mwanamke, mlango wake hugeuka kwa moyo wake. Akikosana na jirani, aweza kuuziba upande ule na kuufungua upande mwingine. Basi kambi nzima hujua kwamba pana neno, na wazee huanza kuulizana.

Nguo zao za zamani zilitoka katika miti. Mwanamume hubandua gome laini, hulilowesha, hulipondaponda kwa nyundo ya mti au ya pembe mpaka liwe jepesi kama kitambaa. Mwanamke hupaka juu yake michoro kwa maji meusi ya tunda la msituni. Michoro hiyo sasa huwekwa katika majumba ya makumbusho ya Ulaya na Marekani, na watu hulipa kiingilio kwenda kuitazama.

Wavu wa mmoja haunasi

Sasa tufike kwenye uwindaji, maana hapo ndipo uliposhikwa moyo wa maisha yao.

Wavu wa Wambuti husokotwa kwa nyuzi za mmea utambaao uitwao nkusa. Mtu hukaa, hupasua gome la mmea, hulisokota juu ya paja lake hata liwe kamba ngumu. Wavu mmoja huwa na kimo cha futi 4 hivi, na urefu wake ni futi 100 hata 300. Ni kazi ya siku nyingi, na kila mwanamume mwenye jamaa huwa na wake.

Lakini hebu fikirini: wavu wa futi 200 katika msitu usio na mwisho utanasa nini? Mnyama akitishwa atapita upande wa kuume au wa kushoto, naye mwenye wavu atarudi kambini na njaa. Kwa hiyo asubuhi wanaume hutoka pamoja, wa nyavu saba, kumi, hata ishirini na zaidi. Wakifika mahali palipochaguliwa, kila mmoja huunga wavu wake na wa mwenziwe, hata ziwe boma refu lililopindika kama mwezi mchanga. Kazi hii hufanyika kimya kabisa. Hakuna anayesema ila kwa ishara ya mkono. Kila mwanamume husimama karibu na wavu wake, mkuki mkononi.

Upande wa pili, mbali kidogo, wapo wanawake na watoto. Ishara ikitolewa, huja kwa mstari, wakipiga kelele na kupiga majani kwa fimbo. Paa na funo waliolala vichakani huondoka mbio, na kwa kuikimbia sauti huikimbilia nyavu. Basi, wasikilizaji, tazameni: mwanamume peke yake hawezi kuwinda, maana hana wa kumfukuzia mnyama. Mwanamke peke yake hawezi, maana hana wavu. Wavu mmoja haufai, na mtoto anayepiga fimbo yake pembeni ana sehemu katika nyama ya jioni.

Mnyama aliyenaswa huhesabiwa kuwa wa mwenye wavu uliomnasa. Hata hivyo mwenye wavu hali peke yake. Aliyemsaidia kumchoma mkuki ana fungu lake, na waliosaidia kwa njia nyingine wana lao. Mara nyingi mnyama hukatwa papo hapo, wanawake wakizunguka na vikapu wakidai mafungu kwa sauti kubwa. Kufika kambini nyama hupikwa, nayo huendelea kutembea kutoka jiko hadi jiko. Jamaa ambayo wavu wake haukunasa kitu leo, inakula. Na kesho, wavu wao ukinasa, watatoa. Kwao nyama haina ghala. Akiba ya mtu imo katika matumbo ya wenziwe.

Kisa cha mtu aliyetangulia wenziwe

Katika miaka ya 1950 mwanachuoni mmoja aliyezaliwa Uingereza, jina lake Colin Turnbull, alikaa na Wambuti karibu na mto Epulu, na mwaka 1961 alitoa kitabu kiitwacho The Forest People. Humo amesimulia kisa ambacho nitakieleza kwa maneno yangu, kwa sababu kinaonyesha sheria ya watu wasio na mfalme, wala polisi, wala gereza.

Palikuwa na mtu mmoja ambaye mara nyingi alilalamika kwamba hapati nyama ya kutosha. Siku moja, nyavu zilipokwisha kutandwa, alijitenga kwa siri, akautega wavu wake mbele ya nyavu za wenziwe, ili wanyama wa kwanza kukimbia waangukie kwake. Akanasa kweli. Lakini msitu una macho, na jambo likajulikana.

Jioni alipoingia barazani pa kambi, hakuna aliyeinuka kumpa mahali pa kuketi, hata vijana. Mtu mzima kusimama mbele ya watoto, na mtoto asimwondokee! Wakaanza kumsema mmoja mmoja. Yeye kwanza alikana, kisha akajikuza, akasema kwamba yeye ni mkubwa wa watu wake. Wakamjibu: vyema, ikiwa wewe ni mkubwa, chukua watu wako uende zako, ukawinde mahali pengine. Hapo ndipo alipolegea. Alijua hesabu yake: jamaa zake walikuwa wachache, nyavu zao zilikuwa chache, na kwa nyavu chache wangekufa njaa. Akaomba radhi. Wenziwe wakaenda nyumbani kwake, wakaitoa nyama yote, hata ile iliyofichwa katika majani ya paa.

Lakini kisa hakikuishia hapo. Usiku ule ule, wakati alipokuwa akilia ndani kwa njaa na aibu, mmoja wa jamaa alimpelekea chungu chenye nyama na mchuzi wa uyoga. Na baadaye, watu walipokuwa wakiimba karibu na moto, alionekana naye ameketi kati yao, akiimba. Hakuna aliyemfukuza.

Naona yafaa tulitafakari jambo hili. Adhabu ilikuwa kali, maana ilimwonyesha mtu jinsi atakavyokuwa akiwa peke yake. Lakini haikumwacha peke yake. Wambuti hawakutaka kumpoteza, kwa kuwa naye ana wavu, na wavu wake wahitajiwa kesho asubuhi.

Asali, uyoga na mizizi

Msidhani kwamba chakula cha Wambuti ni nyama tu. Kila siku wanawake wakitoka kwenda na kurudi kuwinda hutazama chini na pembeni. Huokota uyoga, huchimba mizizi, hukusanya njugu na matunda, na wakati wa kumbikumbi huwakamata kwa wingi. Mara nyingine uwindaji hukosa, lakini vikapu vya wanawake havirudi vitupu.

Kitu kinachopendwa kuliko vyote ni asali. Majira yake makubwa huja katikati ya mwaka, baada ya miti mikubwa kuchanua. Hapo kambi huweza kugawanyika katika vikundi vidogo, kila kikundi kikifuata nyuki wake. Mtu hupanda mti ambao mimi na wewe tungeogopa hata kuutazama juu, akiwa na shoka na moshi uliofungwa katika majani. Huupuliza moshi ndani ya tundu, nyuki hupumbaa, naye hutoa masega na kuyateremsha kwa kamba. Walio chini hunyosha mikono, na watoto hulamba vidole mpaka viwiko.

Malezi ya watoto

Mtoto wa Wambuti hana mama mmoja tu wala baba mmoja tu. Wanaume wote wa rika la baba yake huwaita baba, na wanawake wote wa rika la mama yake huwaita mama. Wazee wote ni babu na bibi zake. Akianguka karibu na moto, aliye karibu humwinua. Akikosa, aliye karibu humkanya. Sisi watu wa vijiji vya pwani na bara twaijua desturi hii, maana hata kwetu mtoto alikuwa wa mtaa mzima.

Karibu na kambi huwako uwanja wa watoto uitwao bopi. Hapo hucheza kuwa wakubwa: wavulana hupewa nyavu ndogo, wasichana hujenga vijumba, na mmoja hujifanya mnyama. Mchezo huo ndio shule yao. Kipande cha wavu cha kuchezea leo, kesho huwa wavu wa kweli.

Msichana akivunja ungo hafichwi kama mwenye aibu. Hufanyiwa sherehe iitwayo elima. Hukaa ndani pamoja na wasichana wenziwe, akifunzwa nyimbo na wajibu wa mwanamke na mama wa makamo, karibu kama mwari wa kwetu katika unyago. Nayo kambi hufurahi kwamba imepata mama mpya. Katika kuoa, desturi yao ni kubadilishana: jamaa ikichukua binti wa watu, nayo hutafuta binti wa kwao amwoe kijana wa upande wa pili. Hivyo kila upande hupata mtu, wala hakuna anayesema nimenunua.

Msitu kuwa baba na mama

Wambuti huusema msitu kama mtu asemavyo juu ya wazazi wake. Huuita baba, huuita mama, kwa sababu wasema kwamba huwapa chakula, nguo, nyumba na moto. Jambo jema kwao ni utulivu, waitao ekimi. Jambo baya ni kelele na fujo, waitazo akami. Mtu anayepiga makelele ya ugomvi hawaudhi wenziwe tu, huuudhi msitu pia, na wanyama hukimbia.

Lakini kufa kwapo, na njaa pia ipo. Mtu mkubwa akifa, au uwindaji ukiwa mbaya siku nyingi, hawasemi kwamba msitu ni adui. Husema kwamba umelala usingizi, umesahau kuwaangalia watoto wake. Dawa yake ni kuuamsha, na kuuamsha kwa furaha. Hapo huja sherehe ya molimo. Kila usiku wanaume huwasha moto katikati ya kambi, huimba mpaka alfajiri, na mbali gizani husikika sauti ya baragumu ndefu ikiwajibu. Zamani baragumu hizo zilifanywa kwa mianzi au mti. Turnbull aliona nyingine iliyofanywa kwa bomba la chuma. Aliposhangaa walimweleza kwamba neno si kitu chenyewe, neno ni sauti.

Nyimbo zao zimewastaajabisha wenye elimu ya muziki. Mwimbaji mmoja hatoi wimbo mzima. Huyu hutoa sauti yake, huyu hujibu, wa tatu hujaza nafasi, na kwa kuungana kwao wimbo hutokea. Ndugu, si jambo lile lile la nyavu? Kila mtu ana kipande chake, na kipande kimoja hakitoshi.

Majirani zao

Nisingetenda haki kama ningewafanya mdhani kwamba Wambuti huishi peke yao. Tangu zamani wana majirani wakulima, kama Wabila, Walese, Wabudu na Wandaka. Mmbuti huleta nyama, asali na nguvu za mikono. Mkulima hutoa ndizi, muhogo, chumvi, vyungu na chuma cha visu na mishale. Sehemu kubwa ya chakula cha Wambuti wengi hutoka mashambani. Vijana wa pande zote mbili huingia jando moja, liitwalo nkumbi, na waliotahiriwa pamoja hushikana kwa maisha.

Walakini ujamaa huu una uchungu wake. Mkulima mara nyingi husema Mmbuti wangu, kama asemavyo mtu mwenye mali. Humlipa kidogo, humketisha chini. Naye Mmbuti akiwa kijijini huinama na kuitikia. Akirudi msituni, huigiza mbele ya wenziwe jinsi bwana yule anavyotembea na kusema, na kambi nzima hucheka hata machozi. Kicheko ni silaha ya mnyonge, lakini hakimpi hati ya ardhi wala dawa ya mtoto mgonjwa.

Mambo yaliyobadilika

Katika wakati wa serikali ya Wabelgiji vijiji vya wakulima vilihamishwa vikapangwa kandokando ya barabara, na Wambuti wengi wakavutwa karibu na barabara hizo. Kisha wakaja wafanya biashara wa nyama, walioingia mpaka kambini na chumvi, unga, tumbaku na fedha. Hapo kitu kipya kikatokea. Nyama ambayo zamani ilitembea kutoka jiko hadi jiko, sasa yaweza kukaushwa na kuuzwa. Mtu aliye na nyama ya kuuza hupata sababu ya kuhesabu. Na anayehesabu sana hugawa kidogo. Nao wanyama, ambao walipumzishwa kila kambi ilipohama, wakawindwa zaidi.

Vita vya Kongo vilivyoanza mwaka 1996, na mapigano yaliyofuata huko Ituri, vilileta watu wenye silaha hata ndani ya msitu. Wachimba dhahabu na wakata mbao nao waliingia. Mwaka 1992 ilikuwa imefanywa Hifadhi ya Okapi, na mwaka 1996 ikatiwa katika orodha ya Urithi wa Dunia. Lakini mwaka 1997 tu ikaingizwa katika orodha ya mahali palipo hatarini. Mwezi wa Juni, mwaka 2012, watu wenye silaha walikishambulia kituo cha Epulu, wakaua watu, na okapi waliokuwa wakitunzwa pale wakauawa pia.

Lakini si kila habari ni mbaya. Mwaka 2022 Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ilitoa sheria ya kulinda na kuendeleza haki za watu hawa wa asili, pamoja na haki zao juu ya ardhi. Sheria imeandikwa, kuitimiza ni kazi nyingine. Ardhi isiyolimwa huonekana na watu wengi kuwa ardhi tupu isiyo na mwenyewe, hali Mmbuti hujua ndani yake kila kijito, kila mti wa asali, na mahali walipopiga kambi babu zake. Hilo ndilo shauri kubwa lililo mbele yao leo: je, mtu aliyeutunza msitu pasipo kuukata, atahesabiwa kuwa mwenyewe?

Basi, wasikilizaji, kijana wa shule akisikia watu wakiwacheka Wambuti kwa ufupi wao au kwa nyumba zao za majani, nataka akumbuke mambo mawili. Akumbuke wapagazi wa Unguja wa mwaka 1887, wanaume warefu wenye nguvu, waliokufa njaa katika nchi ambayo wengine waliita mama. Na amkumbuke yule mtu aliyetega wavu wake mbele ya wenziwe, jinsi alivyorudishwa na hesabu ya nyavu chache, na jinsi alivyopelekewa chungu usiku. Nasi katika vijiji vyetu tuna visima, tuna njia, tuna mashamba ya pamoja na vyama vya ushirika. Na katika kila kimoja hakosi mtu anayetaka kutangulia kidogo. Mwambieni kisa hiki.